Sombe ya Kumpongeza Précieuse

Dorothée alitwanga sombe kwa hasira mpaka jirani wa chini akagonga bomba la joto kulalamikia kelele. Sasa afanyeje? Kwenye kwaya yao, mtu akipata la furaha, rafiki yake wa karibu ndiye anayepika. Na leo Précieuse, shoga yake tangu kambi ya wakimbizi, anatokea kwenye televisheni. Mwenzake aonekane Sweden nzima, yeye atoke jasho jikoni na majani ya muhogo aliyoyafuata mpaka sokoni Rinkeby. Jamani!

Roho ilimuuma kwa sababu nafasi ile aliitafuta yeye. Ni yeye aliyesikia kwamba hapa Stockholm watu wanatengeneza tamthilia ya kitabu cha zamani cha Kiingereza, kile kinachowacheka matajiri wanaoandaa karamu huku wamefilisika, na kwamba wanatafuta watu wa kujaza ukumbi wa karamu mbele ya kamera. Précieuse alikuja kumsindikiza tu! Wakavalishwa wote wawili. Mara mwongozaji akamnyooshea Précieuse kidole: wewe wa gauni la kijani, njoo mbele, utasema maneno. Dorothée akabaki nyuma na aproni na sinia. Wivu huo, dawa yake haipo hata kwenye maduka ya Skärholmen.

"Mungu wangu, wawe wamemkata kwenye tamthilia," aliomba huku akisonga fufu. "Hata kidogo tu."

Jioni sebule yake ya Bredäng ikajaa wanakwaya. Précieuse alikaa mbele, kajipamba, anacheka ovyo. Karamu ilipoanza kwenye skrini, wote wakasogea karibu. Gauni la kijani likatokea, likageuka kwa madaha, Précieuse akamsifu mwenye nyumba kwa karamu yake. Vigelegele! Dorothée naye alijaribu, chake kikatoka kama kikohozi.

Kisha kamera ikamwacha Précieuse, ikasogea nyuma polepole, ikamkuta mtumishi mwenye sinia, ikatulia hapo. Macho kayakaza kwenye mgongo wa lile gauni, midomo kaibana, wivu umemjaa usoni hata mtoto angeuona. Sebule nzima ikaangua kicheko.

"Loo! Dada Dorothée, kumbe mwigizaji ni wewe!" alipiga kelele Colombe, kiongozi wa kwaya. "Umetuua!"

"Ee, niliigiza," Dorothée alijibu haraka. "Tuliambiwa tuonyeshe wivu."

Wakacheka tena, isipokuwa Précieuse. Aliweka chini sahani yake ya sombe, hajaimaliza.

"Wenye sinia mliambiwa mtazame sakafu," alisema taratibu. "Nilikuwepo, dada. Nilisikia."