Kahawa ya Thurman

Thurman Sizemore, mpiga banjo mkongwe, alipomwona Preston, daktari wa meno, akija na banjo mpya ya bei ya gari, roho ilimchafuka. Kila kiangazi malisho yale ya Virginia hujaa watu wa namna hiyo kwa tamasha la blugrasi, muziki wa banjo na fidla wa milimani: wananunua ala kabla hawajapata masikio.

"Naweza kujiunga, mzee wangu?" akauliza Preston, naye ameshakaa.

Akapiga. Lo! Hata ng'ombe wa jirani wangemfukuza.

Kwa watu hao Thurman alikuwa na dawa aliyoibuni mwenyewe miaka thelathini nyuma, na kambi nzima iliijua. Humtukani mtu. Unasema unakwenda kutafuta kahawa, wenzako wanakufuata mmojammoja, mnakutana nyuma ya matrela na kuendelea bila yule mkosi. Wangapi wameachwa hivyo, wakilinda viti vitupu kama mazuzu! Thurman alikuwa akiwacheka mwaka mzima.

Tena mwaka huu duara hilo la wapigaji wenzake alilihitaji kuliko siku zote. Mke alikuwa amefariki, na tangu majira ya baridi vidole vilikuwa vimevimba. Jana aliikosea mara mbili zamu yake ya kupiga peke yake, akazisingizia nyuzi. Wenzake walicheka naye, akadhani yamekwisha.

Akaanza kuinuka. "Jamani, mimi naenda kutafuta kahawa."

"Kaa, shemeji," akasema Cleve, mpiga gitaa, kaka wa marehemu mkewe. "Pumzisha miguu. Tutakuletea."

Mwenye fidla akaondoka. Wa mandolini akafuata. Cleve akachukua gitaa lake, akapita bila kumtazama usoni. Wa mwisho alikuwa Wade, amejitwika besi kubwa kama kabati.

Nani huenda kunywa kahawa na besi mgongoni?

Nyuma ya matrela wimbo ukafyatuka, kwa kasi ileile ambayo Thurman alikuwa akijivunia. Washenzi wakubwa! Hata sehemu ya kujificha hawakubadilisha.

"Kahawa ya huku inachelewa, ee?" akauliza Preston.

"Inachelewa."

Preston akatabasamu, akasubiri. Thurman alimdharau kwa tabasamu hilo, kisha akaivuta banjo yake mapajani.

"Haya, piga huo wimbo wako," akasema. "Lakini polepole, bwana. Polepole, nikufuate."