Lakiri ya Pampu ya Kwanza

Mimi uchafu siuwezi. Ukinikuta pale kituo cha mafuta cha Mzee Ackson, barabara ya kushukia Kyela, utadhani nimeajiriwa kufuta pampu na mafuta nauza kwa kujitolea. Tope la Tukuyu halina adabu: unalifuta asubuhi, saa nne limerudi na ndugu zake. Kwa hiyo niliposikia afisa wa vipimo yuko Mpuguso na kesho yake atakuwa kwetu, nilikamata ndoo na brashi.

Pampu ya pili ikatakata. Kwenye ya kwanza, ubavuni, nikakuta kiwaya kimeshika kutu, kinaning'iniza kidude cheusi kama punje ya hindi. Nikajisemea, afisa aje aone takataka hii? Nikachukua mkasi, nikakata, nikatupa kwenye debe la taka. Nikarudi nyuma hatua mbili kuitazama kazi yangu, na nikajisifu.

Mchana akaja Simon, mwenzangu wa zamu. Hata salamu hakumaliza.

"Dada Saada, lakiri iko wapi?"

"Lakiri gani?"

"Kile kidude cha madini ya risasi, na waya wake. Afisa anaifunga mwenyewe akishapima. Ikikatwa ni kosa la sheria, pampu haiuzi tena mpaka ipimwe upya. Watasema tumeichezea."

Miaka mitatu namimina mafuta na sikuwahi kuuliza kidude kile ni cha nini. Jifunzeni kwangu: msafi asiyeuliza ni hatari kuliko mchafu.

Nikamkimbilia bosi ofisini. Mzee Ackson ndiye aliyenipa kazi nikiwa na mimba ya miezi sita ya Amna wangu, wakati kwenye vituo vingine walinitazama tumbo wakaniambia nafasi zimejaa. Sikutaka kumwona akipandishwa mahakamani kwa mkasi wangu. Nikamweleza yote. Nilitegemea matusi. Yeye akafuta jasho, na siku hiyo baridi ilikuwa ya kuvaa makoti mawili.

"Umeitupa wapi, Mama Amna?"

"Kwenye taka, bosi. Wameshazipeleka shimoni."

"Basi iache huko huko. Afisa akiuliza, sema kutu imekula waya, ikaanguka, haikuonekana. Umenisikia?"

Nikaitikia, machozi yakinilengalenga. Nilijua ananifichia aibu yangu.

Lakini sikutulia. Nyumbani, mtaa wa Bagamoyo hapa hapa Tukuyu, nilipika ubwabwa ukaungua. Nikaketi, nikasimama, nikatoka uani, nikarudi. Niliwaza: kutu inakata waya, sawa, lakini nani ataamini kwamba risasi imepotea hivi hivi? Risasi ikionekana nzima, afisa atajua haikufunguliwa, imekatwa tu na mjinga mmoja mwenye mkasi. Lawama itakuwa yangu, na mzee atasalimika.

Baada ya swala ya alfajiri nikashuka shimoni na fimbo. Manyunyu yananipiga mgongoni, nachokoa maganda ya ndizi, maganda ya parachichi, nailoni, mavumbi ya mkaa. Mara mbili nilikata tamaa nikapanda, mara mbili nikashuka tena. Jua lilikuwa limeshatoka nilipoipata, imenasa kwenye gunia bovu. Nikaiosha, maana ndivyo nilivyo, nikaifunga kwenye pindo la kanga.

Afisa alifika saa nne, mtu mwembamba, mpole, jina lake Emmanuel. Aliweka ndoo yake ya chuma ya lita ishirini, yenye shingo ndefu na mstari wa kuonyesha kipimo, kisha akainama kwenye pampu ya kwanza. Wateja walisubiri pembeni, mbele yao Mzee Andongwisye wa Kinyala na dumu lake. Anachukua petroli ya mashine ya kuchumia chai.

"Hapa lakiri haipo," afisa akasema.

"Kutu, afisa," bosi akaanza. "Unajua mvua za huku..."

"Si kutu!" Nilisikia sauti yangu kabla sijaamua kusema. "Nimeikata mimi jana, nikisafisha. Bosi hana kosa lolote. Hii hapa."

Nikafungua pindo, nikampa. Nilimtazama bosi nikitegemea ashukuru. Alikuwa amefumba macho.

Afisa akaigeuza risasi kiganjani, upande huu, upande ule. Akaniita kwenye pampu ya pili.

"Soma hii."

Risasi ya pale ilikuwa imepigwa mhuri, herufi na namba ndogo ndogo.

"Na hii uliyonipa, isome."

Ilikuwa laini pande zote mbili. Nilikuwa nimeiosha kwa mikono yangu na sikuliona hilo.

"Hii hatukuifunga sisi," akasema.

Akamimina. Pampu ikaandika lita ishirini kamili, lakini mafuta yakasimama chini ya mstari, yamepungua kama glasi mbili za chai. Akamwaga, akapima tena. Yakasimama pale pale.

Mzee Ackson akafumbua macho, akaninyooshea kidole. "Huyu binti ndiye aliyekata lakiri. Amekiri mwenyewe, nyote mmesikia. Muulizeni yeye."

Niliumia, sitaficha. Nilitamani ardhi ipasuke, kisha nikaona hapana, mbona nipasukiwe mimi?

"Nimeikata mimi, bosi," nikasema. "Sikuifunga mimi."

Afisa akaniandika maelezo, nikaweka sahihi. Akaifunga pampu isiuze, akabandika karatasi, akamwita mzee ofisini na kuurudishia mlango. Watu wakatawanyika wakinong'ona. Akabaki Mzee Andongwisye na dumu lake tupu.

"Mwanangu," akaniuliza taratibu, "petuloli yangu ya hii miezi yote, ilitoka hapa kwenye hii?"

"Hii hii, baba."

"Na aliyekuwa anamimina?"

"Mimi, baba."

Akatikisa kichwa, akaliinua dumu.

"Na mimi kila mara nilikwambia ndaga fijo," akasema. "Asante sana. Kila mara."

Akavuka barabara kwenda kutafuta mafuta kwingine. Hakusema kwa hasira. Afadhali angenitukana.