Mtumishi Tuliyempa Jina

Kazi yangu huku ugenini, Isipingo, ilikuwa kusemea filamu, yaani kuzitafsiri kwa maikrofoni watu wakitazama. Kwetu Mwanza kila msemaji wa kibanda cha video anaijua mbinu hii: wape watu wa kwenye filamu majina ya majirani, na watazamaji watavunjika mbavu.

Mwaka 2011 Marie-Jeanne, Mkongomani mwenye duka la simu tulimoonyeshea, aliniletea kichekesho cha zamani, bubu kabisa, cha mfalme mnene na mtumishi wake. Hakukuwa na cha kutafsiri, nikatunga. Mtumishi nikampa jina la Yeremia, mdogo wangu, mpishi wa tajiri mmoja mtaa wa Westville. Kosa ni langu, simsingizii mtu.

Tulikionyesha kwa sehemu, moja kila Jumapili baada ya ibada. Jumapili ya kwanza mfalme alimmwagia mtumishi supu mkononi. Tulicheka mpaka machozi. Jumanne mdogo wangu akaja na bandeji mkononi, supu, alisema. Jumapili ya pili mbwa wa mfalme alimng'ata mtumishi mguu wa kushoto. Alhamisi mbwa wa tajiri akamng'ata mdogo wangu, kushoto vilevile. Mtu mzima mimi, nikaogopa.

Sehemu ya mwisho niliitazama peke yangu kwanza. Mfalme anamfungia mtumishi sandukuni, anapigilia misumari, na filamu inaishia hapo.

Nilikataa kuionyesha. Marie-Jeanne akaona ni maringo tu, akaiweka mwenyewe. Sikushika maikrofoni, lakini maji yalikuwa yameshamwagika: watu walimwita mtumishi Yeremia bila mimi. Mdogo wangu alikaa mbele, akicheka nao. Sanduku lilipoletwa, kicheko kilimkatika. Akashika koo, akitafuta hewa.

"Papa Deus, ongea," Marie-Jeanne alisema. "Batu banangoja."

Nikachukua maikrofoni.

"Mmekosea jina," nilisema. "Huyo si Yeremia. Huyo ni Deusdedit."

Mtumishi aligeuka, akanitazama mimi. Akaitikia kwa kichwa, akaingia sandukuni mwenyewe. Mfuniko ukafungwa, na Yeremia akavuta pumzi.

Nilitaka kumuuliza kama yuko salama. Mdomo ulifunguka, sauti haikutoka. Watu wakacheka, wakidhani ni sehemu ya kichekesho.

Huu ni mwaka wa nne naandika badala ya kusema. Kila Jumapili nasikia misumari ikipigiliwa, karibu sana na masikio. Yeremia huwasomea watu karatasi zangu. Hii hajaiona, na sitaki aione.