Uso wa Babu

Kaka yangu Guoliang alijisifu mtaa mzima kwamba mwanawe ana adabu. Kila alasiri Qiming alitoka shule akaingia chumbani kwa babu yake, mzee wetu aliyepooza akabaki na macho tu ya kusemea, akafunga mlango.

"Anamsomea vitabu," kaka alisema.

Jumatano moja nilikwenda kumnyoa mzee. Guoliang alitangulia, akasukuma mlango. Qiming alikuwa ameinua simu mbele ya uso wa babu.

"Babu, pepesa macho, haraka! Adui wameshafika getini!"

Huku kwetu serikali inawaruhusu watoto saa moja tu kwa siku ya michezo ya simu, tena mwisho wa wiki. Simu ikikushuku kuwa mtoto, inataka uso wa mtu mzima. Qiming alikuwa nao pale kitandani. Akaunti ya mchezo ilikuwa kwa jina la babu, na ndani yake shujaa aliyeogopwa na shule nzima. Mzee alikuwa amelazwa ubavu ili naye aone. Mdomo wake uliopinda ulikuwa unacheka.

Guoliang akamzaba mwanawe kofi.

"Mtihani mwezi ujao, wewe unamfanya baba yangu kitambulisho? Mbwa wewe! Naifuta."

Qiming akapiga magoti. "Baba, chukua simu, ivunje. Nitasoma. Akaunti tu usifute."

Kufuta nako kulitaka uso wa mwenye jina. Guoliang akamkamata mzee kidevu. Mzee akafumba macho.

"Tafadhali fumbua macho," simu ikasema kwa sauti tamu ya kike.

Mzee akayabana zaidi.

"Kaka, mwache," nikasema. "Amekataa."

"Amekataa nini, hajui hata leo siku gani! Wewe uliyeishia darasa la sita utanifunza kulea? Shika kichwa."

"Shika mwenyewe."

Akamkandamiza goti begani, akampanua kope kwa vidole kama anayekagua mbuzi mnadani. Chozi likatiririka hadi sikioni. Simu ikamtambua. Shujaa akatoweka.

"Haya. Mfute babu yako uso, ukasome."

"Mfute wewe," Qiming akasema. "Ni baba yako."

Nilimfuta mimi.

Qiming alifaulu. Kwenye sherehe kaka aliwaambia wageni kwamba siri ni ukali, wakampigia makofi. Mzee alikuwa chumbani peke yake, amegeuziwa uso ukutani asiwatie wageni kinyaa.