Ombi la Nafasi ya Pili

Lori la kwenda Iringa lilikuwa limekwisha kuipita Chimala, na Tupokigwe alikuwa nyuma, juu ya masanduku ya magauni, vumbi limempaka kama unga. Warembo wenzake wanne, Mgiriki, Mtaliano, Mgoa na Mwingereza, walitangulia kwa gari dogo. Shindano lilikuwa la mataifa, na mataifa yote yalikuwa sawa. Ila gari dogo lilikuwa na viti vinne.

Mwaka ulikuwa 1956. Barua ilitoka Ulaya: jimbo litoe mrembo wa kwenda kushindana na dunia, na kila taifa liwe na mtu wake. Waandaaji wa Iringa wakahesabu mataifa, wakamaliza, wakaenda kunywa chai. Baada ya chai ndipo mtu mmoja akakumbuka kuwa hata Waafrika wapo. Basi Tupokigwe, mwalimu wa kushona katika shule moja ya misheni huko Rungwe, akaitwa.

Mshindi wa kwanza angepanda ndege hadi London. Wa pili angepewa cherehani ya miguu. Tupokigwe hakuwa na shida na London. Alikuwa anafundisha wasichana thelathini kwa sindano za mkono, na cherehani ile aliitaka ili awe fundi anayejitegemea, mwenye mlango wake sokoni Tukuyu. Wiki tatu nzima alimwomba Mungu nafasi ya pili. Huenda Mungu hajawahi kusikia ombi la adabu kiasi hicho.

Ukumbi ulikuwa karibu na mtaa wa Mlandege. Benedicta, mama wa Kihehe aliyekuwa akipiga pasi magauni, alichungulia pazia na kumhesabia Tupokigwe waamuzi: Wazungu watatu, na mzee mmoja Mwafrika mwenye koti jeusi. Maana meza ya waamuzi nayo ilitakiwa iwe ya mataifa, na waandaaji walipotafuta Mwafrika wa pili walipeleka barua kulekule Rungwe, njia waliyokwisha kuizoea.

Tupokigwe akachungulia, akaruka nyuma kama aliyekanyaga kaa la moto. Alikuwa Mzee Asukile, mzee wa baraza, baba yake Lutengano mchumba wake. Ng'ombe walikwisha kutolewa. Na kwa Wanyakyusa mke wa mtoto haonani na baba mkwe: akimkuta njiani huacha njia, hujifunika, hungoja apite, na mzee naye hugeuza uso. Wachungaji waliikemea mila hiyo miaka sitini, watu wakaitikia amina, wakatoka kanisani kwa milango miwili.

"Mwalimu, kwani akikuona utakufa?" Benedicta aliuliza alipoelezwa.

"Sifi, mama. Siolewi tu."

"Na cherehani?"

Tupokigwe aligeukia meza ya pasi. Kisha akaomba shuka la kupigia pasi.

Jina lake lilipoitwa alitoka amejifunika gubigubi, ameinama, akapita akiambaa ukuta na kutokea upande wa pili. Mzee Asukile, kwa kusikia jina tu, alikwisha kugeuza kiti, akawa anautazama mlango kwa utulivu mkubwa.

Mwenyekiti wa waamuzi alikuwa amekaa nchini miaka ishirini, kwa hiyo alijua kila kitu. Akaueleza umati kuwa hiyo ni ngoma ya kale ya kupokea mavuno. Wakapiga makofi. Wazungu watatu wakatoa alama za juu. Mmoja aliandika kwamba mwendo ule ungewafundisha mengi wasichana wa Ulaya. Hapo Tupokigwe alikuwa wa pili kweli. Ikabaki karatasi ya mzee.

"Mzee, tunangoja alama zako," mwenyekiti alisema.

"Za uso upi, bwana? Uso wa mkwe wangu siujui, na Mungu akipenda nitakufa siujui."

Akaambiwa kanuni ni kanuni: mwamuzi asiyeona huandika sifuri. Kwamba wale watatu nao waliona shuka tu, hilo halikutajwa. Mzee akaandika sifuri yake, mviringo safi, maana alikuwa amesoma. Tupokigwe akawa wa tano kati ya watano. Alilikunja shuka, akamrudishia Benedicta, akasema asante.

Mgiriki alikwenda London, akarudi bila taji, akaolewa na mkulima wa tumbaku. Mtaliano alipata cherehani. Hakujua kushona, akapangia juu yake vyungu vya maua. Mgoa alihamia Dar es Salaam. Mwingereza alirudi kwao. Tupokigwe aliolewa na Lutengano mwaka uliofuata, akazaa watoto sita, akaendelea kushona kwa mkono. Mzee Asukile aliwaambia watu wote kwamba mkwe wake anawashinda wazuri wote wa Iringa; alikufa bila kumwona. Benedicta alijenga nyumba huko Kihesa. Ukumbi ulifanywa ghala la mahindi.