Kibali cha Kusuka Ukili

"Umeshinda, Bi Mwatumu," wakili Mselem alisema akiwa bado mlangoni. "Jaji wa Mahakama Kuu ameifuta hukumu. Anasema watu walioalikwa nyumbani kwa mtu si mkutano wa hadhara, hata wakizungumza siasa. Hawahitaji kibali."

Mwatumu hakuacha kusuka. "Na aliyekwenda kunisema polisi, jaji kamtaja?"

"Hilo hakuulizwa."

Mwatumu alikuwa mjane wa Pangani, akiishi kwa kusuka mikeka. Kila alasiri majirani walikuja ukumbini kwake na miyaa yao, makuti membamba ya kusukia. Mikono ikisuka, midomo ilinong'ona: Wazungu wataondoka lini, na nani atashika nchi. Siku moja, mwaka huo wa 1957, askari waliingia na viatu vyao, wakakanyaga kili, mikanda ya mkeka iliyokwisha kusukwa, zilizotandazwa, wakamchukua yeye peke yake. Hakimu alimpa kifungo kwa kufanya mkutano bila kibali. Mselem akakata rufaa, akamtoa kwa dhamana. Tangu arudi, hakuna jirani aliyebisha hodi.

Naye alimshuku Semeni, ambaye mumewe alikuwa tarishi wa serikali bomani.

Alasiri ile ile, habari zikiwa zimezagaa mtaani, akaja Semeni huyo huyo, miyaa kwapani.

"Hodi, shoga."

"Karibu." Mwatumu hakusogea. "Uliniuza, Semeni?"

Semeni alibaki amesimama. "Mimi? Sisi ndio tuliokuwa tunakuogopa wewe. Walikukamata, mara tukasikia umeachiwa. Tukasema umetutaja."

"Mimi niwataje ninyi?"

"Tungejuaje?"

Mwatumu alimtazama usoni. Uongo hakuuona, wala ukweli hakuwa na hakika nao. Mwishowe akavuta miguu yake, nafasi ya mtu mmoja ikapatikana jamvini. Semeni akaketi. Wakasuka, kila mmoja akimwibia mwenzake jicho.

Nje, baiskeli ya askari ilipunguza mwendo, ikasimama usawa wa dirisha. Semeni akainama mpaka ushungi ukamfunika uso. Mwatumu aliinua macho dirishani. Alikumbuka maneno ya jaji, lakini jaji alikuwa Dar es Salaam, na askari alikuwa hapa.

"Sema, Semeni," akatamka, kwa sauti ya kusikika hadi barabarani. "Sema unalotaka. Nakusikiliza."

Semeni akainua uso polepole, akafungua kinywa. Kivuli cha kofia ya askari kilikuwa bado kimelala ukutani.