Kikohozi cha Mama Darlène

Goti la René lilikuwa kifuani mwa Béatrice, na kikopo cha plastiki alimshikia chini ya kidevu.

"Kohoa, Mama Darlène."

"Mi nimepona, papa. Leo banapima makohozi ya mwisho. Kesho naenda Lilongwe, Mchesi, kuchukua mtoto yangu Darlène. Miezi sita sijamushika."

"Umepona!" René alicheka. "Umekula bunga ya bagonjwa mpaka umenona, sasa unatunyima hata kikohozi? Shemeji yangu iko na batoto tano."

Walikuwa nyuma ya choo cha nyumba ya wagonjwa wa kifua kikuu, mwendo wa saa moja kwa miguu kutoka kambi ya wakimbizi ya Dzaleka. Tangu posho ya kambi ipunguzwe, unga wa soya ulipatikana hapa tu, na alipewa mwenye ugonjwa peke yake. Kila asubuhi watu wenye afya walikuja na vikopo vitupu, wakiomba wagonjwa wawatemee makohozi ya kupeleka kupimwa kama yao. René ndiye aliyewapanga. Ndiye aliyekuwa mkalimani, kwa kuwa muuguzi alikuwa Mmalawi, Kiswahili hakujua hata neno.

Béatrice akajaribu. Ukatoka upepo mkavu tu.

"Unanichezea."

René akainuka, akaokota mpini wa jembe. Pigo la kwanza lilimpata mbavuni. La pili, mdomoni. Alipiga bila haraka, kama mtu anayepura maharage. Damu ilipoanza kumwagika aliinama, akaikinga kikoponi, akafunika.

"Damu njo muzuri zaidi," alisema. "Kwa damu habaulizi kitu." Akaandika juu ya kifuniko jina la shemeji.

Mlangoni pa chumba cha vipimo, muuguzi alishtuka kuona kidevu cha Béatrice. Akauliza kwa Chichewa.

"Njo huyu!" Béatrice alimnyooshea René kidole. "Amenipiga na mpini! Mi siko mgonjwa. Mwambie vile, René. Mwambie!"

René akavua kofia, akazungumza kwa upole. Maneno machache ya Chichewa Béatrice aliyajua. Alisikia *magazi*, damu. Akalisikia tena. Neno la kupigwa hakulisikia.

Muuguzi akarudi nyuma hatua mbili, akavuta barakoa hadi machoni. Akachukua kadi ya Béatrice, akakata mstari mrefu, akaandika upya.

"Anasema ugonjwa imerudia," René alitafsiri. "Miezi sita ingine. Pole, mama."

"Zikomo kwambiri," muuguzi akamshukuru René, akafungua droo, akampa barakoa mpya, asije akaambukizwa.